Mnasa Sauti Naye Atajwe

Filamu inapokwisha, majina huanza kupanda juu ya kioo cha televisheni, madogo na ya haraka, na hapo ndipo watu huondoka. Mmoja huenda kutazama chungu jikoni, mwingine hutafuta viatu vyake, na mtoto huomba kituo kibadilishwe. Yale majina hupita peke yake kama abiria waliokosa wa kuwapokea. Mtu asemapo kuwa ameona filamu hukusudia kuwa ameona nyuso: alimwona fulani akilia, akamwona fulani akipigana. Wale waliomwashia taa huyo mwenye kulia, wakamnasia sauti huyo mwenye kupigana, hawakuonekana, na kwa mtazamaji ni kama hawakuwako.

Makala haya ni ya hao wasioonekana. Nami nimependa kuyaanzia mahali ambapo huenda msomaji hakupatarajia, nako ni Magwagwa, katika kaunti ya Nyamira, nchi ya vilima na majani chai, si mbali na mto Sondu. Huko, kama kwingineko Ugusii, siku hizi ni nadra arusi au mazishi ya mtu mzima kupita bila ya kijana mwenye kamera. Kijana huyo hufika mapema kuliko wageni. Huweka mguu wa kamera yake mahali penye kuonekana, humwomba mzee mmoja asogee kidogo, humfungia mhubiri kipaza sauti kwenye koti, na umeme ukikatika ni yeye anayekimbilia jenereta. Usiku wenzake wamelala, yeye yu mbele ya kompyuta, anakata hapa, anaunga pale, anatia wimbo, anaandika majina ya marehemu na ya watoto wake, akichunga asikosee hata herufi moja. Kwa siku moja amekuwa mpiga picha, mnasa sauti, fundi wa taa, mwelekezi na mhariri, na mwisho wa yote amekuwa mdai wa deni lake mwenyewe.

Mzazi wake humtazama akashindwa kuitaja kazi yake. Mwalimu hujulikana. Fundi cherehani hujulikana. Mwenye kuchuma chai hujulikana kwa kilo zake pale kwenye kituo cha kununulia majani. Huyu je? Basi kijana akisema kwamba ataka kwenda chuoni Nairobi kuisomea kazi hiyo, na kwamba bonasi ya chai ya mwaka huu ndiyo itakuwa karo, mzazi ana haki ya kuuliza: ni kazi gani hii ambayo mwenye kuifanya haonekani, na hana jina moja la kuiita? Swali hilo si la kuchekwa. Yafaa lijibiwe kwa mifano, si kwa maneno matamu.

KAZI ZENYEWE

Mgusii hahitaji kufundishwa kwamba nyuma ya asifiwaye kuna wengine. Mpiga obokano hushangiliwa anapoitikisa nafsi ya msikilizaji kwa nyuzi zile nane. Lakini yuko aliyekata mti, yuko aliyewamba ngozi, na yuko aliyezisokota nyuzi. Filamu ni obokano yenye mafundi wengi zaidi.

Kwanza yuko mtayarishaji. Huyu ndiye mtafuta fedha, mwajiri, mpanga siku, na mtu wa kulaumiwa mvua inyeshapo. Wa pili ni mwelekezi, ambaye huamua mchezaji asimame wapi, aseme vipi, na kamera imtazame kutoka upande gani. Yuko mpiga picha, na yuko fundi wa taa, ambaye bila yeye mpiga picha ni sawa na mwandishi asiye na wino. Yuko mnasa sauti, mwenye kuvaa visikizio masikioni, ambaye husikia yale ambayo sisi sote hatuyasikii: nzi anayezunguka, ndege inayopita mbali, kijiko kilichoanguka nyumba ya pili. Akiinua mkono, kazi husimama, kwa sababu picha mbaya huvumilika, lakini maneno yasiyosikika hayavumiliki.

Yuko pia mtu mmoja ambaye watazamaji hawamjui kabisa, naye ni mwangalizi wa mfuatano. Filamu hainaswi kwa mpango wa hadithi. Huenda mwisho wa kisa ukanaswa Jumatatu na mwanzo wake Ijumaa, kwa kuwa nyumba imekodiwa Jumatatu na mchezaji mkuu ana safari Alhamisi. Basi ni lazima awepo wa kuandika kuwa katika chumba kile bilauri ilikuwa nusu, kifungo cha pili cha shati kilikuwa wazi, na kidonda kilikuwa shavu la kushoto. Akisahau, kidonda kitahama shavu mbele ya macho ya taifa zima. Baada ya hao huja mhariri, ambaye hupokea saa nyingi za picha akazigeuza kuwa dakika tisini. Ukiwaongeza mpambaji, mshona nguo, seremala, dereva na mpishi, utaona kwamba wale tuwaonao kiooni ni wachache mno kuliko tusiowaona.

Katika nchi tajiri kila kazi katika hizo ina mwenyewe, na mwenye taa haigusi kamera. Kwetu mara nyingi mtu mmoja hubeba tatu au nne. Wengine wataona kuwa ni kasoro, wakaleta methali ya mshika mawili kuponyokwa na moja. Methali ni ya kweli. Lakini iko nyingine isemayo kuwa mchagua jembe si mkulima, nayo ni ya kweli vile vile, na hiyo ndiyo iliyowalea mafundi wetu.

TANGU ZAMA ZA VUGIRI

Jambo hili si la jana. Mwaka 1935, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Tanganyika, ulianzishwa mradi wa kutengeneza filamu za mafunzo kwa ajili ya Waafrika. Ulidumu hadi mwaka 1937 na ukatoa filamu 35, juu ya safura na malaria, juu ya kilimo, juu ya kodi na akiba ya posta. Kisha filamu hizo zikatiwa katika lori pamoja na mashine ya kuzionyeshea, zikatembezwa katika nchi za Afrika Mashariki na kusini yake. Wakuu wa mradi walikuwa Waingereza wawili, Notcutt na Latham, nao waliandika kitabu, na kwa kitabu hicho majina yao yamesalia. Waafrika waliofanya kazi pamoja nao, wakacheza, wakatafsiri, wakabeba mitambo, wakasimama mbele ya watu usiku kueleza picha ile yasema nini, hao leo hatajwi hata mmoja katika mazungumzo yetu.

Televisheni ilipoanza Kenya mwaka 1962, mambo yalikuwa hayo hayo kwa sura nyingine. Mwaka 1964 serikali ililichukua shirika la utangazaji, likaitwa Sauti ya Kenya, na jina hilo lilidumu hadi mwaka 1989 liliporudishwa lile la KBC. Katika miaka hiyo nchi nzima ilicheka pamoja kwa michezo ya Vioja Mahakamani na Vitimbi. Ni nani asiyemjua Mzee Ojwang? Jina lake halisi lilikuwa Benson Wanjau, na alipofariki mwaka 2015 alililiwa na watu wasiopata kumwona ana kwa ana. Hiyo ni haki yake. Lakini katika chumba cha pembeni alikuwako mtu mbele ya vioo kadhaa, akiamua kwa nukta moja kamera ipi ifuatwe. Juu ya kichwa cha Mzee Ojwang kilining'inia kipaza sauti mwisho wa fimbo ndefu, na aliyeishika fimbo hiyo alipaswa kuisogeza kila mchezaji alipogeuka, bila ya kivuli chake kuonekana ukutani. Kivuli kikionekana hata mara moja, watu husema. Kisipoonekana maisha yake yote, hakuna asemaye kitu. Ndiyo tabia ya kazi hii: ikifanywa vyema hujificha yenyewe.

MTU MMOJA, KAZI KUMI

Kama mzazi wa Magwagwa ataka mfano mmoja wa mtu aliyeishi kwa kazi nyingi za nyuma ya kamera, basi Afrika Mashariki haina mfano mkubwa kuliko Mohamed Amin. Alizaliwa Nairobi mwaka 1943, mtoto wa mfanyakazi wa reli. Alikulia Dar es Salaam, na kamera yake ya kwanza ilikuwa ya mkono wa pili. Mwaka 1963, hajatimiza miaka 20 au ndiyo kwanza aitimize, aliianzisha huko Dar es Salaam kampuni yake ya Camerapix.

Tazama sasa jinsi alivyofanya kazi. Hakuridhika na picha za kusimama za magazeti. Alibeba pia kamera ya filamu, na tukio moja akalipiga kwa njia mbili: moja kwa gazeti, moja kwa televisheni. Januari 1964, Zanzibar ilipopinduka, alikuwako. Mwaka 1966 alitiwa gerezani huko Zanzibar, na alipotoka alihamia Nairobi, akaanza upya. Tarehe 5 Julai 1969, Tom Mboya alipopigwa risasi katikati ya jiji, Amin alifika mbio na kamera yake, akaingia hata katika gari la wagonjwa. Filamu ile ilimpatia huko Uingereza tuzo ya mpiga picha bora wa mwaka.

Lakini mpiga picha wa habari hula siku kuna habari. Siku hakuna, hulala njaa. Amin alilielewa hilo. Akawa mtayarishaji wa filamu, akawa mkuu wa ofisi ya habari za televisheni, akawa mchapishaji wa vitabu. Mwaka 1978 kilitoka kitabu chake cha picha juu ya Hija ya Makka. Vilifuata vitabu juu ya Kenya na nchi nyingine, na mwaka 1986 kitabu juu ya ile reli ambayo baba yake aliitumikia. Pale Nairobi, kampuni moja ilitoa picha za gazeti, filamu za televisheni na vitabu, na kazi moja ililipia upungufu wa nyingine. Hiyo ndiyo maana ya kushika mengi bila ya kuponyokwa: mengi hayo yote yalitoka katika shina moja, na shina lilikuwa jicho lake.

Mwaka 1984 ukaja ukame na njaa ya Ethiopia. Amin aliingia huko pamoja na Michael Buerk wa BBC, na tarehe 23 Oktoba 1984 picha za kambi ya Korem zikaonyeshwa London, kisha zikazunguka dunia. Aliyeziona Bob Geldof alikusanya waimbaji wenzake, wakatoa wimbo mwishoni mwa mwaka ule ule, na tarehe 13 Julai 1985 likafanyika tamasha kubwa la Live Aid, London na Philadelphia. Fedha nyingi zilikusanywa, na wapo watu walio hai leo kwa sababu ya fedha hizo.

Sasa uulize watu wanamkumbuka nani. Watakutajia waimbaji. Anayejua zaidi atamtaja mwandishi aliyesema maneno yale. Anayejua zaidi ya huyo atamtaja Amin aliyepiga picha. Kila hatua moja ya kurudi nyuma ya pazia, idadi ya wenye kujua hupungua. Na nyuma ya Amin pia palikuwa na pazia jingine.

JOHN MATHAI

Nyuma ya pazia hilo alikuwa mnasa sauti wake, Mkenya kwa jina John Mathai. Ili msomaji ajue kazi hiyo ilikuwaje, yafaa aelewe jambo moja la ufundi. Katika habari za televisheni za miaka ile, mara nyingi mpiga picha na mnasa sauti walifungwa kwa waya mmoja. Sauti ilitoka katika kipaza sauti, ikapita katika kisanduku alichokivaa mnasa sauti kifuani, ikaingia kwa waya katika kamera. Mmoja akikimbia, mwingine hana budi kukimbia. Mmoja akilisogelea moto, mwingine amelisogelea. Tofauti ni kwamba mpiga picha aona aendako, na mnasa sauti amefuata mgongo wa mwenziwe.

Mwezi wa Mei 1991 Mengistu Haile Mariam alikimbia Ethiopia, na wapiganaji wa upinzani wakaingia Addis Ababa. Alfajiri ya tarehe 4 Juni, ghala la silaha jijini humo lilishika moto likaanza kulipuka. Wanahabari walikwenda, kama ilivyo desturi ya wanahabari kwenda kule wengine wanakokutoroka. Ulitokea mlipuko mkubwa. Mohamed Amin alipoteza mkono wake wa kushoto. John Mathai alipoteza maisha.

Mkono ule uliandikwa sana magazetini, na si vibaya, kwani Amin alitiwa mkono wa bandia akarudi kazini, jambo la kustaajabisha. Lakini mara nyingi mtu akikisimulia kisa hiki, hukisimulia kuwa ni kisa cha mkono. Mathai huja katika sentensi ya pili, au hulikosa hata jina akawa ni mwenzake tu. Mtu aliyekufa akitega sikio ili sisi tusikie, amekuwa sehemu ya ajali ya mwingine.

Amin mwenyewe alifariki tarehe 23 Novemba 1996. Ndege ya Ethiopian Airlines aliyoipanda Addis Ababa kuja Nairobi ilitekwa, ikaishiwa na mafuta, ikaanguka baharini karibu na ufuo wa Ngazija. Katika watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa. Walionusurika walieleza kwamba alikuwa amesimama akizungumza na watekaji. Pamoja naye alikufa Brian Tetley, mwandishi aliyeandika maneno ya vitabu vyake vingi. Hata hapo pazia lilikuwapo: picha zilimtangaza Amin, na maneno yaliyokuwa chini ya picha, wangapi walijua ni ya nani?

SANADI

Sisi tuliosoma chuoni, tukakaa juu ya mkeka mbele ya mwalimu, tulifundishwa mapema kwamba maneno hayapokelewi hivi hivi. Hadithi yoyote ya Mtume huja na sanadi yake: fulani alisikia kwa fulani, naye alisikia kwa fulani, mpaka kufika kwa msemaji wa kwanza. Wanazuoni walitumia umri wao kuwachunguza watu wa katikati ya mlolongo ule, ambao wao wenyewe hawakusema jambo jipya. Kazi yao ilikuwa kusikia vizuri na kufikisha vizuri. Hata hivyo kila mmoja alitajwa kwa jina lake na jina la babake, kwa sababu mlolongo ukikatika katikati, mwisho wake hauna thamani.

Washairi wa pwani nao walikuwa na adabu hiyo. Mtunzi wa utenzi mwanzoni huomba karatasi na wino, na mwishoni hujitaja yeye ni nani. Mara nyingi mnakili naye huweka jina lake, naye si mtunzi. Aliandika tu kile alichokipokea, lakini bila mkono wake utenzi usingetufikia.

Majina yale yanayopanda mwisho wa filamu ni sanadi. Yatwambia picha hii ilipita mikononi mwa nani kabla ya kufika machoni petu. Kituo kinapoyakata katikati ili kutia tangazo la sabuni, au kinapoyabana pembeni yasisomeke, si kwamba kimeokoa nusu dakika. Kimevunja mlolongo.

Nimeuona msiba huo huo katika mawe ya Tabaka. Mombasa, katika maduka ya watalii, huuzwa samaki, ndovu na bakuli zilizochongwa kwa jiwe laini la Ugusii. Huko kwao wako wachimbaji, wako wachongaji, na wako akina mama walioloweka na kusugua mpaka jiwe likang'aa. Yafikapo pwani yamekuwa mawe ya Kisii tu. Mnunuzi hulipa, mwenye duka hupokea, na mlolongo wote wa majina umebaki mlimani.

JINA NI CHAKULA

Asidhani msomaji kwamba nazungumzia heshima tupu. Katika kazi hii jina ni chakula. Mhariri hapati kazi ya pili kwa cheti pekee. Huipata kwa kuulizwa ni filamu gani aliyoihariri, na jina lake likatafutwa humo. Likikosekana, ni sawa na fundi aliyejenga nyumba kumi zilizosajiliwa kwa mjenzi mwingine.

Sheria nayo haimwoni vizuri mtu huyu. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 humhesabu kuwa mwenye filamu yule aliyefanya mipango ya kuitengeneza, yaani mtayarishaji, na waigizaji nao wametajiwa haki zao. Lakini mnasa sauti, mwenye taa na mwangalizi wa mfuatano, wao wana vitu viwili tu, ujira na jina, na vyote viwili husimama juu ya mapatano. Mapatano yakiwa ya mdomo, mdomo husahau.

Kwa hiyo kijana wa Magwagwa aliyepiga picha za mazishi kwa ahadi ya kulipwa baadaye amekwisha kuionja shida ambayo wakubwa wake huionja Nairobi. Tofauti ni kiasi cha deni tu.

NGAZI IKO

Pamoja na hayo, ngazi ya kupandia iko. Chuo cha Mawasiliano cha Kenya, jijini Nairobi, kilianza mwaka 1961 kwa kuwafunza mafundi wa mitambo ya utangazaji, na baadaye kikafundisha pia utengenezaji wa filamu, tangu kamera na sauti hadi uhariri. Kituo cha kwanza cha televisheni cha watu binafsi, KTN, kilianza mwaka 1990, vikafuata vingine. Mwaka 2005 serikali iliunda tume ya filamu. Milango ya kubisha hodi ni mingi kuliko zama ambapo palikuwa na mlango mmoja tu.

Na wako waliopanda kwa vidato. David Gitonga, ajulikanaye kama Tosh, alikuwa msaidizi wa mwelekezi katika filamu The First Grader ya mwaka 2010, ile inayosimulia kisa cha mzee aliyekwenda shule ya msingi. Kazi ya msaidizi si ya kutafutia sifa. Ni kuhesabu watu, kuchunga saa, kupiga kelele za kunyamazisha wanaopiga kelele. Miaka miwili baadaye, mwaka 2012, yeye mwenyewe aliielekeza Nairobi Half Life, filamu iliyokuwa ya kwanza Kenya kuipeleka Marekani kushindania tuzo ya Oscar ya filamu za lugha za kigeni.

Iko nyingine ambayo ningependa ionyeshwe Magwagwa, nayo ni Supa Modo ya Likarion Wainaina, iliyotoka mwaka 2018. Kisa chake ni cha mtoto wa kike mgonjwa, asiyetarajiwa kupona, apendaye filamu za mashujaa. Basi kijiji kizima kikaamua kumtengenezea filamu ambayo yeye ndiye shujaa. Watu ambao hawajapata kushika kamera wakawa wachezaji, washona nguo na wabeba mitambo. Mwenye kuitazama hufundishwa, bila ya kuhubiriwa, kwamba filamu haitengenezwi na nyota. Hutengenezwa na kijiji, na nyota ni mmoja wa wanakijiji hao.

JIBU KWA MZAZI

Sasa turudi kwenye swali la mzazi na bonasi yake. Sitamwambia kwamba mwanawe atatajirika. Wengi katika kazi hii hupata leo wakakosa kesho, na mwezi wa vumbi huja baada ya mwezi wa neema. Lakini kazi ipo, tena ni ya heshima, na kijana mwenye kuikesha usiku bila ya kuambiwa amekwisha kuonyesha kuwa anaitaka.

Ninamwomba mzazi amsisitizie mambo matatu. La kwanza, ajue kazi zote kiasi cha kuzielewa, lakini moja aijue kiasi cha kuulizwa. Mohamed Amin alichapisha vitabu na kuendesha kampuni, lakini hakuna aliyetilia shaka kwamba kwanza alikuwa mpiga picha. Mwenye kujua mengi bila ya kuwa na moja huwa mbebaji wa mitambo ya watu mpaka uzeeni.

La pili, asiinue kamera kabla ya karatasi. Karatasi hiyo iseme atalipwa kiasi gani, lini, na jina lake litaandikwa vipi na wapi. Hata kama ni arusi ya binamu. Undugu hauharibiwi na maandishi. Huharibiwa na kudaiana baada ya pilau kuliwa.

La tatu, yeye naye awataje wenzake. Kijana akimchukua mdogo wake amshikie taa, mwisho wa kazi aandike jina la huyo mdogo wake, japo ni video ya mazishi itakayoonwa na ukoo mmoja. Mtu hafunzwi heshima na wakubwa wa Nairobi kama yeye hakuianza nyumbani kwake.

Na sisi watazamaji tunalo letu, nalo ni jepesi. Filamu ikiisha, tukae kitako kidogo. Chungu hakitaungua kwa dakika mbili. Tuyaache majina yapande, tumtajie mtoto mawili matatu, tumwambie huyu ndiye aliyewasha taa, na huyu ndiye aliyetusikizisha.

Mwenye sura asifiwe, kwa uzuri wa mchezo,
Wa taa ashukuriwe, mwanga wake ndio mwanzo,
Wa sauti aombewe, kazi yake ndiyo nguzo,
Kila mmoja apewe, jina lake ndiyo tunzo.